Katibu wa Kombe la Birika: Maisha ya Elinipa Bernard Mchomvu (1958–2025)

Mchungaji, viongozi wa mtaa, majirani zetu wa Sofu, wageni wetu mliotoka Kisarawe alfajiri, na ndugu wote: mimi ni Godbless, mdogo wake marehemu, wa mwisho kuzaliwa nyumbani kwetu. Familia imenipa kazi ya kusoma habari za maisha yake. Kwenye ratiba mliyoshika, maisha hayo yamejaza kurasa tatu, wakati watu wengi huandikiwa moja. Naomba mnivumilie. Na nikikwama mahali, msiniletee maji, niacheni tu nimalize.

Marehemu Elinipa Bernard Mchomvu alizaliwa tarehe 14 Machi 1958 huko Usangi, Upare, akiwa mtoto wa kwanza kati ya saba wa Mzee Bernard na Mama Naelijwa, ambao wote wametangulia. Mama alikuwa akisimulia kwamba Elinipa, hata kabla hajajua kuandika jina lake, alichora ukuta wa jikoni kwa mkaa kila vijana wa juu walipocheza mpira na vijana wa chini. Mstari mmoja bao moja. Alichapwa, ukuta ukapakwa upya, na Jumamosi iliyofuata mistari ikarudi. Alipoulizwa kwa nini hasikii, alijibu kwamba watu wa chini wameanza kusema walishinda, na hawakushinda.

Alisoma shule ya msingi kijijini kuanzia mwaka 1966 hadi 1972, kisha akafaulu kwenda sekondari mjini Moshi, ambako alihitimu kidato cha nne mwaka 1976. Mwaka uliofuata alijiunga na JKT katika kambi ya Ruvu. Ndivyo alivyofika Mkoa wa Pwani, na hakuondoka tena. Alilalamikia joto la huku kwa miaka arobaini na minane, lakini kila aliposhauriwa kurudi milimani alisema milima ina baridi.

Mwezi Februari 1978 aliajiriwa kuwa karani wa masjala katika ofisi ya wilaya hapa Kibaha, kazi aliyoifanya hadi alipostaafu mwaka 2018. Kwa wasioijua masjala, ni chumba cha mafaili. Wakubwa walikuja na kuhama, Elinipa akabaki na mafaili. Aliyetafuta barua ya kiwanja ya miaka ishirini iliyopita aliambiwa, "Muone Mchomvu," naye Mchomvu alinyoosha mkono kwenye rafu bila hata kuinuka kwenye kiti.

Tarehe 12 Oktoba 1985 alifunga ndoa na Bertha, ambaye leo ni mjane wake. Mungu aliwajalia watoto watatu: Eliya, Nuria na Bernard. Mwaka 1989, baba yetu alipofariki, Kaka alipanda basi mpaka Usangi akanichukua na mimi. Nilikuwa na miaka kumi na miwili. Kwa hiyo ukihesabu waliokula mezani kwake, tulikuwa wanne, na hakuna siku nilisikia katika nyumba ile kwamba mimi si mtoto wa pale. Ninalisema hili mapema ili mtakaposikia yale ya mbele mjue niliyafanya kwa nani.

Sasa nieleze habari za mashindano, kwa sababu vijana wengi mlioko hapa mmesikia tu kwamba "zamani kulikuwa na Birika."

Mwaka 1986 Kaka alitumwa Dutumi kwa baiskeli kuhakiki orodha ya wakulima. Alikuta kijiji kina uwanja mzuri na mpira mzima, lakini wanacheza wenyewe kwa wenyewe, waliooa dhidi ya wasiooa, kila wiki, mpaka vijana wengine wakaahirisha kuoa ili wasihamishwe timu. Mwezi uliofuata alipita Kisarawe, kata ya Chole, akakuta hadithi ileile. Huko ndiko alikofahamiana na Kibwana Mwinyikondo, mkulima wa mihogo na korosho aliyekuwa akiongoza timu ya kijiji. Wakaandika barua kumi na mbili, sita Kibaha na sita Kisarawe. Timu nane zikajibu. Kibwana akawa mwenyekiti, Elinipa akawa katibu, na Juni 1987 Kombe la Ujirani likaanza.

Lilikuwa la mtoano tangu siku ya kwanza, kwa sababu ya njia zetu. Timu iliyotoka Mzenga kwa trekta isingeweza kuja mara kumi kucheza ligi. Ukifungwa, umetoka, unarudi shambani. Ila hukuachwa hivihivi, maana timu iliyotolewa ndiyo ilitoa watu wa kushika vibendera katika mechi iliyofuata, na fainali ilipokwisha mshindi alipika pilau na aliyefungwa akala kwanza.

Tatizo lilikuwa kombe lenyewe, maana jina lilikuwapo na kombe hakuna. Wiki ya fainali ya kwanza Kaka alifungua kabati nyumbani akatoa birika la chai, la kung'aa, lenye nakshi shingoni, alilozawadiwa shemeji Bertha na shangazi yake siku ya harusi. Alimwambia anaazima kwa siku moja. Maneromango walilichukua 1987, wakalizungusha mtaa mzima, na tangu siku hiyo hakuna aliyeliita Kombe la Ujirani tena. Lilikwenda Dutumi, likaenda Mlandizi, Chole wakalichukua mara nne. Mwaka 1994 fainali ilichezwa kwa siku mbili kwa sababu ya mvua, na 1998 haikuchezwa kabisa, barabara zilikuwa zimekatika. Shemeji alikuwa akiulizwa sokoni birika liko wapi mwaka huu, naye akijibu, "Mimi nijuaje? Nachemshia chai kwenye sufuria."

Kulikuwa na desturi moja, na maisha yote ya Kaka yaligeukia hapo. Mchezaji alitakiwa awe amelala katika eneo la timu yake kwa siku kumi na nne, na asiwe amesajiliwa katika ligi yoyote. Hatukuwa na vitambulisho wala picha. Kwa hiyo kabla ya kila mechi timu mbili zilisimama zikitazamana, kila mchezaji akataja jina lake na nyumba anayolala, na mwenyekiti akamgeukia katibu akauliza, "Katibu, huyu unamjua?" Kaka alikuwa ameshazunguka na baiskeli wiki nzima akibisha hodi kwa mabalozi wa nyumba kumi. Kama alimjua, alijibu, "Namjua." Kama hakumjua, alinyamaza, na kijana alivua jezi. Akishasema anakujua, hakuna aliyekata rufaa. Kwa miaka kumi na sita hakukuwa na kesi hata moja ya mamluki. Nendeni mkaulize mashindano mengine kama yanaweza kusema hivyo.

Mwaka 2003 Sofu, timu ya mtaa wetu huu, iliingia fainali kwa mara ya kwanza, dhidi ya Chole. Katika ratiba hii, rasimu ya kwanza ilisema hivi: "Mwaka 2003 marehemu aliachia uongozi wa mashindano kutokana na majukumu ya kikazi." Sentensi hiyo niliiandika mimi, Jumapili iliyopita, sebuleni kwake. Shemeji Bertha aliisoma, akavua miwani.

"Shemeji, majukumu gani hayo?"

Nikamwambia huwa inaandikwa hivyo kwenye wasifu.

"Huyu alikuwa anatoka kazini saa tisa na nusu maisha yake yote," akasema. "Majukumu yapi? Andika alichofanya. Na wewe andika ulichofanya."

Basi naandika.

Mwaka 2003 nilikuwa na miaka ishirini na sita, naishi Kimara, nimesajiliwa katika timu ya daraja la kwanza Dar es Salaam. Kocha wa Sofu wakati huo, rafiki yangu Latifu, ambaye naye ametangulia, alinifuata akaniambia, "Begi lako lipeleke kwa bro, lala pale wiki mbili, umemaliza. Nani atauliza?" Hakuniahidi chochote, na sikutaka chochote. Nilitaka nionekane. Nilitaka watu wa mtaa niliokulia wanibebe mabegani. Ndiyo sababu yote, na kila mwaka unavyopita naiona ndogo zaidi.

Nilifika kwa Kaka na begi tarehe 16 Agosti. Alinipokea mlangoni.

"Vipi tena?"

"Shikamoo Kaka. Nimeachana na ile timu. Nimechoka nao. Naomba nikae kidogo nijipange."

"Marahaba. Wamekupa barua ya kukuacha?"

"Wamenipa."

Hakuomba kuiona. Mtu ambaye maisha yake yote hakuamini neno lisilo na karatasi hakuniomba karatasi. Alimwambia shemeji aongeze unga. Usiku ule nililala kitanda kilekile nilicholalia nikiwa mwanafunzi. Nilikuwa nimesajiliwa, na barua haikuwepo.

Fainali ilichezwa Jumapili tarehe 31 Agosti 2003, Kisarawe mjini. Tulijipanga. Zamu yangu ilipofika nilisema, "Godbless Mchomvu, nalala Sofu, kwa Elinipa Mchomvu." Watu wakacheka, maana kila mtu alijua huyo ni katibu mwenyewe. Mzee Kibwana alitabasamu, lakini desturi ni desturi, akauliza: "Katibu, huyu unamjua?"

Kaka alijibu kwa sauti ambayo sijaisahau, kwa sababu ilikuwa na furaha. "Namjua. Ni mdogo wangu."

Nilifunga dakika ya sabini na tatu. Moja bila. Nilibebwa mabegani kama nilivyotaka. Kaka hakushangilia, katibu haruhusiwi, lakini nilimwona anageuka upande na kufuta miwani.

Wiki tatu baadaye nilirudi kwenye timu yangu ya Dar, nikafunga tena, na mtangazaji wa redio akalitaja jina langu mara mbili, jina na ubini, na kuongeza kwamba huyu yuko na timu yake kwa msimu wa tatu mfululizo. Pale Chole walikuwa wanasikiliza.

Kamati ilikaa Kisarawe tarehe 28 Septemba. Asubuhi hiyo Kaka alinipigia simu kwa jirani yangu, maana mimi sikuwa na simu. Hakugomba. Alisema, "Godi, njoo uwaeleze ulivyonieleza. Ukisema wewe wataelewa." Nikajibu nakuja. Nilifika stendi, nikasimama pale nikitazama magari mawili ya Kisarawe yakijaa na kuondoka, kisha nikarudi nyumbani. Niliogopa timu yangu itasikia na kuniacha, na niliogopa nyuso za wale watu. Timu hiyo iliniacha mwaka uliofuata kwa sababu ya goti.

Waliokuwepo wamenisimulia. Mzee Kibwana alimuuliza mbele ya timu zote, "Katibu, ulisema unamjua. Ulijua au hukujua?" Kaka alingoja akitazama mlango. Alingoja sana. Mwishowe akasema, "Nilisema namjua. Neno ni langu." Hakusema mdogo wangu alinidanganya. Angesema hivyo angebaki katibu mpaka leo, na mimi ndiye ningekuwa muongo. Aliweka daftari la mashindano juu ya meza, akatoka, akapanda baiskeli.

Walimvua ukatibu. Birika likapewa Chole. Mwaka 2004 timu za Kisarawe zilijitoa, kwa kuwa hapakuwa na mtu wa kusema anamjua mchezaji na watu wakaamini. Kombe lilichezwa na timu tatu, likafa. Miaka kumi na saba ya kubisha hodi kwa mabalozi ikaishia pale. Niliwahi kusikia mtu akieleza kwa kinyozi wa Maili Moja kwamba Birika liliuawa na katibu aliyempendelea ndugu yake. Nilikuwa kwenye kiti, nina sabuni kidevuni. Nikainua kidevu kinyozi aendelee.

Baada ya hapo marehemu aliendelea kuwa mzee wa kanisa, mweka kumbukumbu wa kikundi cha kuzikana, mkulima wa korosho chache Dutumi, na babu anayependwa. Mechi aliendelea kutazama, ila upande wa watazamaji, amesimama. Mwaka 2009 vijana wa Sofu walimwendea wakamwomba afufue mashindano. Aliwakaribisha chai, akawaambia, "Kule Kisarawe jina langu halina kazi tena. Tafuteni mtu ambaye neno lake linapokelewa." Nilikuwa nimekaa hapohapo. Nikajiongezea sukari.

Mnaweza kuuliza kama aliwahi kunigombeza. Hapana. Mwaka 2006 alinisimamia harusi. Mwaka 2011 nilipokosa kazi alinipa nusu ya shamba nilime. Kama angenipiga hata kofi moja, ningepata pa kuanzia.

Marehemu aligunduliwa kuwa na kisukari mwaka 2014, na mwanzoni mwa mwaka jana figo zikashindwa kazi. Ikabidi asafishwe damu mara tatu kwa wiki, Dar es Salaam. Mimi ndiye niliyempeleka kwa gari langu. Shemeji ananishukuru kwa hilo kila siku na mimi naomba aache. Kila safari ni saa nne za kukaa kando ya kitanda, mara tatu kwa wiki, miezi kumi na minane. Tuliongea korosho, wajukuu, mchungaji mpya, bei ya saruji. Sikuwahi kuongea lile.

Tarehe 17 Juni mwaka huu, mashine ikiwa inazunguka, aliniuliza yeye.

"Godi, hivi Kibwana bado yupo?"

"Yupo, Kaka. Nasikia yuko Chole, anaumwa miguu tu."

"Ukipata nafasi, msalimie."

Nikamwambia nitamsalimia. Alifumba macho. Nilijua ananipa nafasi, tena ananipa kwa adabu, bila kunitia aibu mbele ya nesi. Chole si mbali, na nilikuwa na gari. Juni ikaisha, Julai ikaisha. Kila aliponitazama nikaanza kumsimulia habari za korosho.

Elinipa Bernard Mchomvu alifariki Jumamosi tarehe 9 Agosti 2025, saa kumi na moja alfajiri, nyumbani kwake hapa Sofu, mkono wake ukiwa mkononi mwa mkewe. Alikuwa na miaka sitini na saba.

Jumatatu nilikwenda Chole. Nilimkuta Mzee Kibwana amekaa kibarazani anakuna nazi kwenye mbuzi, kwa sababu ya miguu kazi za kukaa ndizo zake. Birika nililiona ndani kabatini, nyuma ya kioo. Nilimwamkia, nikampa habari ya msiba. Aliacha nazi. Alisema innalillahi, kisha nikamweleza yote, kuanzia begi mpaka stendi. Alisikiliza bila kunikatiza.

"Ina maana yeye hakujua," akasema.

"Hakujua, mzee."

"Siku ile ya fainali, pale mbele yangu, hakujua."

"Hakujua."

"Mimi nlimwita muongo mbele za watu. Mtu tulokula nae chungu kimoja miaka kumi na sita." Alifuta mikono kwenye shuka. "Raudha, binti yangu, nlipomuoza, nlimwalika kila mtu kule Kibaha, yeye nkamruka. Akaleta zawadi kwa mkono wa mtu. Nkairudisha. Nliirudisha, unansikia?"

Nikamwambia, "Nisamehe, mzee."

"Sasa unanambia mimi? Miaka ishirini na mbili yuko hapo Sofu, mzima, anapumua, hukunambia. Leo yuko mochwari ndo unakuja barazani kwangu." Alisogeza nazi kando. "Ntakuja kumzika. Si kwa ajili yako. Na haya maneno usiniachie mimi hapa. Kayaseme kulekule, mbele za hao hao walosikia yale mengine."

Mzee Kibwana, nimeyasema.

Na ninayasema tena kwa ufupi ili asiwepo atakayeondoka hapa na mashaka: marehemu hakumpendelea mtu. Alidanganywa na mtu aliyemlea, akalibeba mwenyewe, na mimi nikamwachia alibebe mpaka leo.

Marehemu ameacha mjane, Bertha, watoto watatu, Eliya, Nuria na Bernard, wajukuu saba, dada wanne na wadogo wa kiume wawili, nami nikiwa mmoja wao. Ameacha pia rafiki mmoja ambaye jina lake halikuwemo kwenye orodha ya ndugu, na familia ilikaa jana ikakubaliana aingizwe: Mzee Kibwana Mwinyikondo wa Chole.

Ratiba yenu inaonyesha kwamba baada ya mjane na watoto kuweka udongo, wanafuata wadogo wa marehemu. Hapo pafutwe. Atafuata Mzee Kibwana, vijana watamshika mkono, na nyuma yake wazee wa timu zote waliofika. Mimi nitaweka wangu watu wote wakishamaliza.

Mkitoka hapa mpeni mkono Mzee Kibwana, kwa sababu amefiwa. Mpeni shemeji, wapeni watoto. Mimi msinipe pole.

Katibu, mtu mkweli, kaka yangu, apumzike kwa amani.